Malkia Kelly na Harusi ya Dar es Salaam

Januari 1929, ndani ya studio moja ya California, mbao na turubai zilisimamishwa na mahali hapo pakaitwa Dar es Salaam. Kitandani amelazwa mwanamke anayekata roho. Upande mmoja wa kitanda amesimama binti mwenye shela, machozi yanamtiririka. Upande wa pili yuko mzee aliyejiegemeza kwenye magongo mawili, tumbaku mdomoni. Padre aliyekuja kumpaka mgonjwa mafuta ya mwisho ndiye anayefungisha na ndoa. Mwongozaji alikuwa amekwisha kumwelekeza mzee: ukimvisha pete, mate ya tumbaku yamdondokee mkononi.

Yakadondoka. Bibi harusi, ambaye ndiye aliyekuwa nyota wa filamu ile na mwenye mali yake, akasimama akaenda zake kwenye simu, akampigia aliyekuwa akitoa fedha, akamwambia kazi isimame. Hivyo ndivyo Gloria Swanson, bibi harusi huyo, alivyosimulia katika kitabu cha maisha yake kilichotoka 1980. Tangu siku ile mwongozaji, Erich von Stroheim, hakuongoza tena hata kipande kimoja cha filamu ya Queen Kelly.

Nimeirudia hadithi hii mara nyingi kwa sababu ya jina la mji. Wapenzi wa sinema bubu wanapoitaja Queen Kelly hutaja kasri, malkia mwenda wazimu na mshumaa unaomulika uso wa Swanson. Dar es Salaam hutajwa haraka, kama kituo ambacho basi halikufika. Mimi naona kinyume chake. Jina la kwanza la kisa hiki lilikuwa The Swamp, yaani kinamasi, na kinamasi chenyewe kilikuwa huku kwetu. Stroheim alitaka mtazamaji aone taji la Ulaya, kisha aone matope linakotupia uchafu wake. Filamu ikavunjikia pale matope yalipoanza.

Tuanze na kisa. Katika ufalme wa kubuni uitwao Kronberg anatawala Malkia Regina wa Tano, ulevi na wivu vimemkaa kichwani. Tunamwona kwanza akiwa uchi, paka mweupe kifuani pake ndiye nguo yake, anapita vyumbani mwa kasri kama mtu asiyeamini kuwa watumishi nao wana macho. Amechumbiwa na binamu yake, Mwanamfalme Wolfram, mzuri wa sura, mpenda wanawake, asiyejua kazi. Malkia anamwadhibu kwa utovu wake kwa kumpeleka mazoezini na kikosi chake. Huko barabarani kikosi kinakutana na wasichana yatima wa nyumba ya watawa, na mmoja wao, Kitty Kelly, suruali yake ya ndani inamporomoka hadi miguuni mbele ya wapanda farasi. Wanajeshi wanacheka. Yeye kwa hasira anaiokota na kumrushia mwanamfalme usoni.

Basi imekuwa. Usiku ule malkia anatangaza kwenye karamu kwamba harusi ni kesho, na Wolfram, pamoja na mpambe wake, anakwenda kuzusha moto kwenye nyumba ya watawa ili katika kizaazaa amtoroshe Kelly. Anamfikisha kasrini, wanakula, wanazungumza, binti anaanza kuamini. Malkia anawakuta.

Kinachofuata ni moja ya dakika kali kabisa za sinema bubu. Seena Owen, aliyeigiza malkia, anachomoa mjeledi na kumchapa Kelly ukumbini, kwenye ngazi kuu, mpaka mlangoni, na askari wa zamu waliojipanga wanaangua kicheko. Hakuna sauti, lakini mkono unavyopanda na kushuka mtazamaji anausikia. Kelly anatupwa nje usiku na kwenda kujirusha mtoni.

Kila nikiitazama ngazi ile nakumbuka kwamba katika koloni ambalo kisa kingehamia, mjeledi haukuwa wazimu wa malkia mmoja aliyelewa. Ulikuwa utaratibu wa serikali. Utawala wa Wajerumani uliacha katika Kiswahili neno "hamsa ishirini", viboko ishirini na vitano, na wazee walilitamka bila haja ya kulieleza. Shambani, barabarani, kwenye kazi ya kulazimishwa, kiboko kilikuwa na idadi yake. Sijui filamu nyingine ya Hollywood ya miaka ile iliyosimama karibu hivi na ukweli huo.

Kelly hafi. Katika kisa alivyokiandika Stroheim anaokolewa, anarudishwa kwa masista, na huko inamfikia simu ya maandishi: shangazi yake aliyemlipia ada ya shule miaka yote yuko mahututi Dar es Salaam, Afrika Mashariki ya Kijerumani, aende upesi. Anapofika anagundua fedha iliyomsomesha kwa watawa ilitoka wapi. Shangazi ana danguro. Na kabla ya kufa amekwisha kumwahidi binti kwa mwenye mashamba mmoja tajiri, mlemavu aliyeharibika kwa ulevi na uasherati, jina lake Jan Vryheid.

Jina hilo ni la Kiholanzi cha makaburu, na maana yake ni uhuru. Mtu anayemfunga Kelly maisha ndiye aliyebeba neno hilo kama ukoo. Wala hakuwekwa pale kwa kubahatisha tu: baada ya vita vya Waingereza na Makaburu vya 1899 hadi 1902, familia kadhaa za makaburu zilipanda kaskazini zikalowea upande wa Meru na Kilimanjaro, chini ya bendera ya Mjerumani. Tully Marshall, aliyemwigiza Vryheid, alimtengeneza kiumbe ambaye macho yanakataa kumtazama na bado yanamtazama: magongo yanatangulia, kisha mwili uliopinda, kisha ulimi unaozungukazunguka midomoni.

Kelly angemkubali kwa midomo tu, angemkataa chumbani, na baada ya kifo cha shangazi angelishika danguro lile mikononi mwake hadi wateja wampe jina la Malkia Kelly. Hilo ndilo jina la filamu, na alilipata Dar es Salaam. Mwishoni malkia wa Kronberg angeuawa, Wolfram angemfuata Kelly hadi pwani, na yatima aliyechapwa kwenye ngazi angerudi kuzipanda akiwa na taji. Taji la pili lingekuwa la kurithiwa kwa ndoa. La kwanza alilichuma mwenyewe katika kinamasi.

Sasa watu waliokitengeneza kisa hicho, kwa sababu walikuwa na fitina zao za kimwinyi zisizopungua zile za Kronberg.

Erich von Stroheim alizaliwa Vienna, 22 Septemba 1885. Hollywood ilimjua kuwa mtoto wa kabaila wa Austria, aliyekuwa ofisa wa jeshi la mfalme, na yeye alilibeba neno "von" kwa shingo iliyonyooka na miwani ya jicho moja. Baada ya kifo chake ndipo kumbukumbu za Vienna zilipoonyesha kuwa alikuwa mtoto wa Kiyahudi, baba yake mfanyabiashara aliyetengeneza kofia. Alifika Marekani 1909 na umwinyi ule alijitungia. Austria yenyewe ilipopitisha sheria Aprili 1919 ya kufuta vyeo vya ukabaila, na watu wa ukoo halisi wakavuliwa "von" zao, yeye alikuwa California akitengeneza filamu yake ya kwanza, Blind Husbands, na "von" yake ikazidi kung'aa. Simlaumu hata kidogo. Mvulana wa dukani ndiye anayewaangalia wateja wakubwa kwa makini kuliko wote, anajua wanavyovua glavu na wanavyomwita mtumishi. Stroheim alizijua sare, medali, namna ya kupiga saluti na namna ya kunyanyasa, kwa undani ambao aliyezaliwa kasrini asingehangaika nao.

Undani huo ulimgharimu. Foolish Wives ya 1922, ambamo yeye mwenyewe anaigiza kabaila bandia anayekamua wanawake matajiri, ilijengewa Monte Carlo nzima na ikatangazwa kuwa filamu ya kwanza kufikisha dola milioni moja. Katika Merry-Go-Round alifukuzwa katikati ya kazi. Greed ya 1924 ilikuwa na mikanda 42. Studio ikaikatakata hadi ikabaki kama 10, na iliyokatwa ikapotea. Mwaka 1925 The Merry Widow ilipata watu wengi, kwa hiyo milango haikufungwa kabisa. Sifa yake ilikuwa hiyo: akikuongozea filamu utapata kitu ambacho hakuna mwingine awezaye, na huenda usibaki na fedha.

Gloria Swanson naye alizaliwa Chicago 1899, binti wa watu wa kawaida, akawa mmoja wa wanawake wanaolipwa zaidi katika sinema. Mwaka 1925 aliolewa Paris na Henri de La Falaise, kabaila wa kweli wa Kifaransa mwenye cheo cha marquis na mifuko mitupu. Kisha akaiacha studio kubwa ya Paramount akaanza kutengeneza filamu zake mwenyewe, jambo ambalo mwanamke wa wakati ule alilifanya kwa ujasiri mkubwa. Sadie Thompson ya 1928 ilimletea sifa nyingi, na madeni hayakupungua.

Hapo ndipo anapoingia Joseph Kennedy, mtu wa benki kutoka Boston aliyekwenda Hollywood kununua kampuni na kuziunganisha. (Ndiye baba wa John Kennedy, ambaye Julai 1963 akiwa rais alimpokea Mwalimu Nyerere Ikulu ya Marekani.) Kennedy alichukua hesabu za Swanson mkononi mwake, na muda si muda akawa mpenzi wake pia, ilhali ana mke na watoto nyumbani. Mume wa Swanson alipewa kazi nzuri ya kusimamia mambo ya kampuni ya Pathé, na kituo chake cha kazi kikawa Ulaya. Mtu akipeleka jambo hilo Kronberg, hakuna wa kushangaa: mpinzani apewe cheo cha mbali, kwa heshima zote.

Kennedy alitaka filamu ya maana, itakayodumu, na akamtaka Stroheim. Kamera zilianza kuzunguka 1 Novemba 1928. Stroheim alipiga kisa kwa mfuatano, kasri kwanza, na kila onyesho lilirudiwa na kurudiwa. Wiki zikapita. Wakati huohuo nje ya lango dunia ilikuwa inabadilika. The Jazz Singer ilikuwa imetoka Oktoba 1927, watu wakasikia sauti ikitoka kwenye turubai, na kufikia majira yale ya baridi kila studio ilikuwa inakimbilia vinasa sauti. Queen Kelly ilikuwa bubu, ndefu, na haijafika nusu.

Walipohamia upande wa Dar es Salaam ndipo mambo yalipoharibika. Swanson alisema alichokubali kwenye muswada kilikuwa ukumbi wa dansi, na alichokuwa anakiona mbele ya kamera ni danguro lisilojificha. Alijua wakaguzi wa filamu hawatapitisha. Mate ya tumbaku mkononi yalikuwa tone la mwisho katika kikombe kilichokwisha kujaa. Takribani dola 800,000 zilikuwa zimetumika.

Ningependa kumtetea Swanson hapa, maana waandishi wengi humfanya mwanamke mwenye kinyaa aliyeua kazi ya msanii. Mali ilikuwa yake na jina lilikuwa lake, na baadaye aligundua kwamba mengi aliyodhani ni ukarimu wa Kennedy yaliandikwa kwenye deni lake. Lakini nadhani pia kuwa siku ile alikimbia ukweli wa kisa chake. Katika kasri, Kelly anapigwa na bado ni pambo: gauni jeupe, mwanga laini, nywele zilizotandazwa. Katika danguro Stroheim anamwondolea mwanga ule. Pale kitandani nyota hang'ai, ni msichana anayeuzwa.

Na Dar es Salaam yenyewe? Mji wa kweli ulianzishwa miaka ya 1860 na Sultani wa Zanzibar, Sayyid Majid bin Said, aliyetaka bandari ya bara yenye utulivu, akaijengea kasri na akafa 1870 kabla haijakamilika. Mwandishi wa visa vya kimwinyi angepata hapo vya kumtosha bila kubuni Kronberg. Mwaka 1859 Majid alikuwa amekaribia kupinduliwa na ndugu yake Barghash, na karani wa njama hiyo, aliyeandika barua za siri usiku, alikuwa dada yao wa miaka kama 15, Sayyida Salme. Njama ikashindwa, Barghash akapelekwa Bombay, na Salme miaka michache baadaye akakimbia kwa ajili ya mfanyabiashara wa Kijerumani, akabatizwa, akaolewa naye, akawa Emily Ruete. Alichapisha kumbukumbu zake 1886 na akafia Ujerumani 1924, miaka minne na ushei kabla ya kamera za Stroheim kuwashwa. Binti wa mfalme wa pwani yetu aliishi ugenini na kuzeeka katika nchi iliyomiliki koloni ambako Hollywood ilimpeleka yatima wake.

Wajerumani waliifanya Dar es Salaam makao makuu ya koloni 1891. Walijenga hospitali ya Ocean Road, kanisa la Kilutheri linalotazama bandari hadi leo, reli ya kati iliyoanza kutandazwa 1905, mwaka uleule vita vya Maji Maji vilipozuka kusini, na 1906 hoteli ya Kaiserhof, mahali ilipo New Africa sasa. Hakuna hata kimoja cha hivyo ndani ya Queen Kelly. Dar es Salaam ya Stroheim ni joto, jasho, ukuta uliochakaa na watu ambao Ulaya haiwataki tena. Naweza kuudhika, na kuna nyakati nimeudhika. Lakini nikiangalia vizuri naona wachafu wote katika mji ule wa turubai wana asili ya Ulaya. Shangazi, wateja, Vryheid na pesa zake, wote wamekuja kutoka nje. Kinamasi wamekibeba wenyewe.

Kuna jina moja katika orodha ya waigizaji linalonifanya nisimame kila mara. Mpishi wa shangazi anaitwa Kali Sana. Ni Kiswahili, maneno mawili tunayoyasema kila siku, na yamekosewa kidogo: mtu angekuwa Mkali, inayokuwa kali ni pilipili, au chai iliyozidi tangawizi. Labda kwa mpishi jina hilo linafaa. Aliyemwigiza ni Madame Sul-Te-Wan, Mmarekani mweusi aliyezaliwa Louisville, Kentucky, 1873. Alikuwa ameingia kwenye filamu tangu The Birth of a Nation ya 1915, filamu iliyowatukana watu wake, na hutajwa kuwa mwanamke mweusi wa kwanza Marekani kupewa mkataba wa kuigiza sinema. Maisha yake yote ya kazi alipewa wapishi, watumishi na wachawi, mara nyingi bila jina lake kuandikwa kwenye filamu. Katika Queen Kelly pia halikuandikwa. Fitina yote ile ya wakuu wa Kronberg inapofika pwani ya Kiswahili, anayebeba maneno ya Kiswahili ni mwanamke huyu jikoni.

Baada ya kazi kusimama, Swanson alihangaika kwa miaka kuokoa alichoweza. Mwaka huohuo wa 1929 alijaribu sauti kwa filamu ya The Trespasser na akafanikiwa. Kwa Queen Kelly, mwaka 1931 alipigisha mwisho mpya: Kelly anafia mtoni baada ya mjeledi, Wolfram anajiua kando ya maiti yake. Afrika ikaondolewa yote kwa mkato mmoja. Toleo hilo likaonyeshwa Ulaya na Amerika ya Kusini 1932, na Marekani halikuonyeshwa kwa sababu mkataba wa Stroheim ulimpa uwezo wa kuzuia. Kwa hiyo kwa nusu karne Kelly aliyejulikana ni yule aliyekufa kabla ya kupanda meli.

Mwaka 1950 Billy Wilder aliwakutanisha tena wawili hawa katika Sunset Boulevard. Swanson anaigiza nyota wa sinema bubu aliyesahauliwa. Stroheim ni mtumishi wake wa nyumbani, ambaye zamani alikuwa mwongozaji wake na mumewe. Usiku mmoja mtumishi anawasha mashine na nyota anajitazama ukutani. Picha inayoonekana ni ya Queen Kelly: uso wa msichana nyuma ya mishumaa, akisali. Wazo la kutumia kipande hicho lilikuwa la Stroheim. Alichagua kanisa. Ya Dar es Salaam hayakuonekana.

Stroheim alifariki Ufaransa 1957, Madame Sul-Te-Wan 1959, Swanson 1983. Mwaka 1985 kampuni ya Kino International ya New York ilitoa Queen Kelly iliyorudishiwa vipande vya Afrika vilivyosalia, kwa jinsi muswada wa Stroheim ulivyotaka. Kelly anatoka mtoni akiwa hai, anapanda meli, anafika. Shangazi yuko kitandani, padre na mafuta yake, Vryheid na magongo yake. Pete inaingia kidoleni. Baada ya hapo mikanda imekwisha, na yaliyobaki yanaelezwa kwa maandishi na picha za mnato: nyuso zilizosimama, midomo iliyofunguka nusu, kwenye mji wa turubai wenye jina la bandari yetu.